Mgomba Uliozikwa kwa Jina la Antoine

Asubuhi ile wanawake wa Katobwe walikuwa wameanika mihogo juu ya mwamba ulio nyuma ya nyumba, kama walivyofanya kila mwezi wa tisa kabla ya mvua. Laurentine, aliyekuwa na miaka saba, alipewa kazi ya kufukuza mbuzi. Mama yake, Julienne, alikuwa akitwanga. Baba yake, Antoine, alikuwa amepindua baiskeli, magurudumu juu, akiziba tundu la mpira. Ndivyo Laurentine alivyonisimulia baadaye, alipokuwa mke wangu. Katika miaka thelathini na mmoja ya ndoa yetu sikumsikia akiibadilisha habari hii, isipokuwa sehemu moja ambayo alinificha hadi wiki zake za mwisho.

Katobwe kilikuwa kijiji cha wakulima, Walamba, nyumba kumi na saba, mwendo wa saa tatu kwa miguu kutoka Mokambo. Nilifundisha jiografia hapa Lubumbashi na nimekitafuta kwenye ramani zote nilizopata, hakimo. Mpaka kati ya Kongo na Rhodesia ulipita juu ya mgongo wa ardhi, pale maji yanapogawanyika, na Wazungu walikuwa wameuwekea nguzo fupi za saruji. Moja ilisimama katikati ya mashamba ya kijiji. Kwa miaka mingi haikumzuia mtu. Mwanamke alipalilia karanga upande huu na kuvuna mtama upande ule siku hiyo hiyo, na watoto walikaa juu ya nguzo wakila miwa. Kisha, Julai 1960, Katanga ikatangazwa kuwa nchi. Wazee wa Katobwe walilala katika nchi moja wakaamka katika nyingine bila kuhama kitanda. Ng'ambo ya nguzo polisi wakaanza kupita na mbwa. Mashamba ya ng'ambo yakaota majani, na kijiji kikajifunza kutega sikio kwa malori.

Lori lililokuja asubuhi ile, mwaka 1961, lilileta watu wenye bunduki. Laurentine hakujua walikuwa wa upande gani, nami sitabahatisha. Walitaka wanaume wa kubeba mizigo. Walimchukua Antoine na baiskeli yake, gurudumu moja likiwa bado halina upepo. Alikuwa amevaa koti lake la kaki lenye kiraka cha bluu kiwikoni. Hakuaga. Alimwambia tu Julienne aitazame mihogo, kuna mawingu.

Wiki zikapita. Habari za vita vya Elisabethville, ndiyo Lubumbashi ya leo, zilifika vipande vipande, kila kipande kikikanusha kingine. Mwezi wa kumi na moja muuza samaki mmoja wa Kasomeno, jina lake Liévin, alileta koti. Alisema alipewa na mtu aliyelikuta kando ya barabara, karibu na maiti ambazo hazikuwa na wa kuzizika. Julienne alikitazama kiraka. Mishono ilikuwa yake.

Hapa lazima nieleze desturi, kwa sababu kila kilichofuata kilitokana nayo. Kwa watu wa mke wangu, mtu akifa jina lake haliachwi wazi. Ndugu wa upande wa mama humchagua mrithi, humnywesha maji, humpa shoka la marehemu, na tangu saa hiyo mrithi huyo ndiye yule mtu. Huitwa kwa jina lake. Watoto wa marehemu humwita baba, na hawasemi uongo. Wao huita kupyana. Asiyerithiwa huzurura, na shamba lake hata likipandwa halioti. Mvua zilikuwa zimeanza. Hawakuwa na maiti, wala hawakuwa na muda. Mzee Numbi, mjomba wa Antoine na mkuu wa kijiji, akaamua kwamba koti linatosha.

Mahali pa maiti isiyopatikana huzikwa mgomba. Lakini si mgomba wowote. Huchaguliwa ule uliokwisha kuzaa, kwani umemaliza kazi yake. Hukatwa juu ya ardhi, hutolewa kiini kwa kisu, kisha huviringishwa mkekani kama mtu. Kazi hiyo alipewa Constantin, mtoto wa dada yake Antoine, kijana wa miaka ishirini na mbili, ambaye ndiye aliyechaguliwa kurithi. Migomba iliyozaa ilikuwa chini kijitoni. Constantin alirudi mapema kuliko walivyotarajia, na mkeka ukiwa umefungwa. Hakuna aliyeufungua. Julienne aliuvisha mkeka koti, akafunga vifungo kimoja kimoja, na wakauzika mzigo ule ubavuni mwa kichuguu kikubwa mwisho wa kijiji, kina cha mkono mmoja tu, kwa sababu udongo wa kichuguu ni mgumu.

Constantin akanywa maji. Shangazi mmoja akamshika kidevu na kumwuliza Antoine amenyoa lini ndevu, na watu wakacheka kwa mara ya kwanza tangu lori lije. Laurentine akaambiwa amwite baba. Aliniambia haikuwa vigumu. Constantin alikuwa mcheshi, na yeye alimpenda.

Mwezi wa kwanza, mwaka 1962, saa sita mchana, wanawake walikuwa wakipalilia karibu na nguzo. Jua lilikuwa limetoka baada ya mvua. Julienne aliinua mgongo.

Ng'ambo ya nguzo alisimama Antoine.

Hakuwa na koti. Miguu ilikuwa mitupu. Mikono ilining'inia kama ya mtu aliyetua mzigo sasa hivi. Akasema, kwa sauti ya kawaida:

"Mama Laurentine. Jambo."

Julienne alifungua kinywa kujibu. Mwanamke aliyekuwa kando yake alikiziba kwa kiganja chenye udongo. Wakaacha majembe, wakakimbia. Laurentine aligeuka mara moja tu. Baba yake alikuwa akiwatazama bila kushangaa.

Mzee Numbi alikusanya kijiji, akasema maneno machache. Mke wangu aliyarudia kwa Kiswahili chetu cha mjini, nami nayaacha alivyoyasema, na 'njo' ya kwetu ni 'ndiyo' ya vitabuni.

"Musimujibu. Jina yake ilishapewa muntu. Kama iko muzima, ataruka ile nguzo, atakuja kukaa hapa na sisi. Kama anashindwa kuruka, mutajua njo nini."

Julienne akauliza polepole, "Na kama iko muzima, na sisi tunamunyamazia?"

"Basi sisi njo tutakuwa tumemuua," Numbi akasema. "Lakini ye iko mumoja. Sisi tuko kijiji."

Alirudi kila siku saa sita. Watu walimtazama kutoka nyuma ya mahindi. Alikuwa akiinua mguu kuvuka mstari wa nguzo. Mguu uliinuka, ukapita, kisha akawa amesimama palepale alipokuwa, nyayo zote mbili chini. Katikati hapakuwa na kitu. Laurentine alisema ilikuwa kama kumwona mtu akisahau kwamba ameanza.

Constantin naye alibadilika. Aliacha mzaha. Alilalamika kwamba mikono yake ina baridi hadi mabegani, akawa anaota moto mchana. Siku moja, akipokea sahani ya ugali, alimwita Julienne kwa jina ambalo Antoine alilitumia mlango ukiwa umefungwa. Julienne aliangusha sahani. Constantin akaomba radhi. Hakujua amelitoa wapi.

Siku ya sita Julienne alimshika Laurentine mkono, wakaenda hadi nguzoni wawili tu. Aliniambia, mama mkwe wangu huyu, miaka mingi baadaye, kwamba hakwenda kwa ujasiri. Alikwenda kwa sababu mtu huyo alikuwa anakonda.

"Uko muzima?" akamwuliza.

Antoine alifikiri. "Sijue. Niambie we."

Kisha akaeleza, kwa sauti iliyopungua kila neno. Alitoroka. Koti aliliacha barabarani likiwa limeloa. Alizunguka kwa upande wa Rhodesia ili asikutane na askari, akitembea kurudi kwake. Siku moja kifua kikawa kizito. Udongo ukamwingia kinywani.

"Niliona mikono yako, Mama Laurentine. Ulikuwa unanifunga vifungo."

Julienne aliitazama mikono yake.

"Kule munaniotesha," akasema Antoine. "Kitu inaota, inanivuta. Siwezi kuja. Siwezi kwenda. Munitoshe mu udongo."

Waliporudi walipitia kichuguuni. Pale walipozika palikuwa na jani moja, limeviringika, kijani kibichi, urefu wa kiganja. Limetoboa udongo mgumu kama saruji.

Constantin alikiri kabla hajaulizwa mara mbili. Siku ya maziko alisikia lori barabarani. Kijito kilikuwa mbali. Aling'oa mgomba mchanga nyuma ya jiko, mzima, na mizizi yake yote, hakutoa kiini, akauviringisha mkekani haraka. Alidhani mgomba ni mgomba.

Walikuwa wamemzika Antoine katika kitu kilicho hai.

Mzee Numbi hakumgombeza. Alisema kesho jioni watalikata lile chipukizi na kulichoma, na mambo yataisha. Julienne akauliza yataisha vipi kwa yule wa nguzoni. Kisha akauliza tena: na likichimbuliwa zima?

"Yule wa kule atapata njia," akasema Numbi. "Lakini shimo haitabakia wazi. Jina iko moja, shimo iko moja, na bantu ni babili."

Constantin akauliza, "Na mimi?"

Watu walianza kuzungumza juu ya kuni.

Nimelifikiria jambo hili kwa miaka mingi, na zaidi tangu mwezi wa nne. Upande mmoja alikuwa mume, labda hai, akiomba. Upande mwingine alikuwa kijana asiye na kosa ila haraka. Julienne alijiambia kwamba maneno ya shimo ni ya kumtisha mwanamke. Alijua anajiambia hivyo. Kesho yake saa sita, wanaume wakiwa msituni kutafuta kuni, alichukua jembe na kitambaa cha kubebea mtoto, Laurentine akimfuata.

Udongo uliachia kirahisi mno. Koti lilikuwa juu, vifungo vyote vimefungwa. Mizizi ilikuwa imetoboa mkeka na kuingia katika mikono ya koti, mkono wa kulia na wa kushoto, ikaijaza hadi ikakakamaa. Mwisho wa kila mkono ilitokeza nje. Laurentine aliihesabu. Mitano. Na mitano.

Julienne aliweka kiganja kifuani mwa koti, akakiondoa. Palikuwa na joto.

Aliubeba mzigo ule mgongoni kama mtoto, akafunga kitambaa. Akamwambia Laurentine abaki pale na jembe, asiondoke. Akaenda nguzoni peke yake. Antoine alikuwa akingoja. Aliupitisha mzigo juu ya nguzo, naye akaupokea kwa mikono miwili, na mara moja, alisema Julienne, akawa na kivuli. Hakuwa amegundua siku zote zile kwamba mumewe hakuwa nacho.

"Kuja," Julienne akamwambia. "Sasa unaweza."

Alitikisa kichwa. "Sasa niko na njia. Lakini haiko ya kule."

Akageuka, akaenda kusini, akiwa amembeba yule mtu wa koti begani. Hakuangalia nyuma.

Julienne aliporudi, shimo lilikuwa limefukiwa. Limeshindiliwa. Laurentine alikuwa amesimama kando na jembe. Constantin hakuonekana tena. Jembe lake lilikutwa shambani, limesimama, kama la mtu aliyekwenda kunywa maji. Numbi alikataza shimo lisiguswe, na kabla ya mavuno kijiji kizima kilivunja nyumba na kuhamia upande wa Lukafu, mbali na nguzo. Ndiyo maana Katobwe hakimo katika ramani.

Vita viliisha, Katanga ikarudi kuwa jimbo, Rhodesia ile ikawa Zambia. Mwaka 1965 mtu wa Mokambo alisema amemwona Antoine mgodini Mufulira, mnene, ana mke na mtoto mchanga. Alimsalimu kwa jina la kijiji. Antoine alimjibu kwa upole kwamba anamfananisha. Yeye hajawahi kuwa na watu ng'ambo. Julienne aliposikia aliuliza swali moja tu, kama ana afya. Kisha akaendelea kupepeta unga.

Hivyo ndivyo nilivyoijua habari hii kwa miaka thelathini na mmoja. Mwezi wa tatu mwaka huu wa 2011, figo za Laurentine zilipokuwa zimekataa, aliniomba nifunge mlango wa chumba cha hospitali. Alisema mama yake hakuwahi kumwuliza nani aliyefukia lile shimo. Alikuwa akingoja aulizwe tangu utoto, na sasa Julienne amekufa.

Mama alipokuwa nguzoni, alisema, Constantin alikuja. Alitembea polepole, mikono amejikumbatia. Alisimama akatazama ndani. Akauliza hili ni shimo la nani. Laurentine akasema ni la baba.

"Akaniambia, mi njo baba," Laurentine alinong'ona. "Akaingia. Akalala vizuri, sawa muntu mwenye anachoka. Akaniambia, Laurentine, weka udongo."

Nilimshika mkono. Nilimwambia alikuwa mtoto wa miaka saba.

"Niliweka majembe tatu," akasema. "Tatu tu, nilihesabu. Ile ingine yote, sijue ni nani aliweka. Nilifunga macho. Nilifungua, ilikuwa imejaa."

Hakuizungumzia tena. Alifariki tarehe kumi na nne ya mwezi wa nne.

Siku ya tatu ya matanga, saa sita na nusu, mvua ya mwisho wa msimu ilinyesha na watu wakajibana chini ya turubai. Jirani yangu Adalbert alikuwa getini na daftari, akiandika majina ya wanaofika. Mimi nilikuwa sebuleni peke yangu. Nilitaka dakika kumi za kimya. Kijana aliingia. Nilimkadiria miaka ishirini na mbili, ishirini na tatu. Alikuwa amejikumbatia kama mtu mwenye baridi, na nguo zake zilikuwa kavu. Nilimpa kiti cha plastiki. Nilimwuliza yeye ni nani wa marehemu.

"Mi njo baba yake," akasema.

Sikushtuka, na ni lazima niseme kwa nini. Kwa watu wa mke wangu kijana aliyerithi jina anaweza kuwa baba wa mwanamke wa miaka hamsini na saba. Nilidhani ni ndugu kutoka Lukafu. Nilisema, "Karibu, baba."

Aliuliza kama aliteseka. Nikasema ndiyo, kidogo, mwishoni. Alitikisa kichwa kwa muda.

"Alikuwa mutoto wa kusikia," akasema. "Nilimutumaka kazi moja. Haikukuwa kazi ya mutoto. Akafanya."

Nilikwenda jikoni kumletea maji. Nakumbuka nilijaza glasi hadi juu na nikaitazama. Kisha nikaelewa. Niliporudi kiti kilikuwa kitupu. Adalbert hakuwa na jina lake daftarini. Alisema tangu mvua ianze hakuna aliyepita getini, na Adalbert ni mtu makini.

Sakafu yangu ni ya saruji, haina ufa. Nilikagua kwa tochi. Kesho yake asubuhi, pale zilipokuwa zimesimama nyayo zake, mchwa walikuwa wamejenga. Vijia viwili vya udongo mwekundu, unene wa kidole, vilianzia katikati ya sakafu, mbali na kila ukuta, vikaungana na kuwa kimoja. Hapa mchwa ni jambo la kila nyumba, lakini hutoka ukutani au chini ya mlango. Hivi havikutoka popote.

Nilikivunja. Kesho yake kilikuwepo. Sasa nakipima tu, kila asubuhi, kwa rula ya shule. Jana usiku kilipita chini ya mlango wa chumba chetu. Hakiji upande wangu wa kitanda. Kinakwenda upande wa ukuta, upande wa Laurentine, ule ambao sijabadilisha shuka.

Adalbert ameniletea mazuti, mafuta ya dizeli, chupa nzima, nimwage niwamalize mchwa. Nimemshukuru. Chupa iko juu ya kabati. Sijaifungua.